Kabari Nyuma ya Gurudumu

Kwa miaka mingi niliwafundisha wanafunzi wa sekondari kuainisha wahusika. Mhusika mkuu alipata aya tatu za maelezo. Mhusika msaidizi alipata mstari mmoja, tena pembeni mwa ubao. Sasa nimestaafu, nimerudi kwetu Sekenke, na mgawanyo ule unanisuta. Aliyenifumbua macho ni mwigizaji mmoja wa vichekesho.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950, serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini kutengeneza filamu za Kiswahili. Mojawapo iliitwa Muhogo Mchungu, kichekesho cha mtu wa shamba aingiaye mjini na kukutana na wajanja wa huko. Sehemu kuu iliigizwa na kijana wa Songea aliyekuwa mtumishi wa serikali, Rashidi Mfaume Kawawa. Wengi wanaolijua jina hilo leo hawajui kwamba mwenye jina aliwahi kuchekesha watu kwenye pazia la sinema.

Ajabu ni hii: katika filamu alikuwa mhusika mkuu, bali katika historia ya nchi alikubali kuwa msaidizi. Tarehe 22 Januari 1962, wiki sita hivi baada ya uhuru, Mwalimu Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akakijenge chama. Kawawa akakalia kiti. Disemba mwaka uleule nchi ikawa jamhuri. Mwalimu akarejea akiwa Rais, na Kawawa akasogea kando, akawa Makamu. Ni wangapi wamewahi kuonja kiti cha namna hiyo kisha wakakiachia bila ugomvi? Baadaye alikuwa Makamu wa Pili wa Rais, kisha Waziri Mkuu tena tangu 1972 hadi 1977. Alifariki tarehe 31 Disemba 2009, bila kuwahi kuwa Rais. Simfanyi malaika: uwaziri mkuu wake ulikuwa katika miaka ya operesheni vijiji, na wapo wanaoikumbuka miaka hiyo kwa uchungu. Msaidizi naye hubeba sehemu yake ya lawama. Lakini bila yeye kisa hakisimuliki.

Nimwonapo Kawawa katika picha za zamani, hatua moja nyuma ya Mwalimu, namkumbuka marehemu baba yangu. Alikuwa utingo. Enzi hizo barabara ya mlima wetu ilikuwa ya vumbi, na lori lililosheheni lilipoanza kuhema kwenye kona, baba aliruka chini na kabari ya mti begani, akakimbia nyuma ya gurudumu, tayari kuikita lori likianza kurudi nyuma. Dereva wake alijulikana Singida hadi Nzega. Baba hakuulizwa jina.

Nilipokwenda kuanza sekondari, fomu iliuliza kazi ya mzazi. Nikaandika "dereva". Baba aliisoma polepole, akatia sahihi, akanirudishia bila neno. Alifariki kabla sijapata ujasiri wa kumwomba radhi. Baada ya hapo nikaenda darasani, miaka nenda miaka rudi, nikiwafundisha watoto wa watu kwamba msaidizi anatosha mstari mmoja.

Lau ningerudishiwa chaki, ningeuliza swali moja tu: mwondoeni mhusika huyu, kisha mniambie kisa kitabingirika hadi wapi.

Likizo iliyopita mjukuu wangu aishiye Dodoma alikuja na daftari la kazi ya nyumbani. "Babu, baba yako alikuwa anafanya kazi gani?"

"Utingo," nikamjibu, na nikamtajia herufi moja moja aandike.

Akainua kalamu. Neno lenyewe halijui. Yeye anamjua konda tu. Ikanibidi nimweleze. Ilichukua muda, kwa sababu nilianza kwa kumtoa nje na kumwonyesha mlima.