Niliwakimbiza Manamba

Watu waliofanya kazi ngumu na kufa zamani walichekwa ukumbini, na sababu ni mimi.

Nilikuwa nahariri filamu ya kumbukumbu kuhusu mashamba ya mkonge ya Tanga. Familia moja ilituazima mkanda wa milimita 16 uliopigwa kabla ya Vita vya Pili vya Dunia: manamba, vibarua wa mashamba hayo, wanakata majani, wanafunga matita, wanayabeba hadi kwenye matoroli. Mkanda ulishaanza kunuka siki, dalili kwamba asetati yake inaoza, kwa hiyo akili yangu yote ilikuwa kuunakili kabla haujasinyaa. Kasi sikuifikiria. Kamera za enzi zile zisizo na sauti mara nyingi zilinasa fremu 16 kwa sekunde, ilhali televisheni zetu huonyesha 25. Nilizipanga fremu vilevile zilivyo, na dakika nzima ya kazi ikaisha kwa sekunde 38 hivi. Ndani ya kifuniko cha kopo mtu alikuwa ameandika "16". Nikadhani ni upana wa mkanda. Matundu ya mkanda yalikuwa pande zote mbili, wakati mkanda wa sauti kwa kawaida hutobolewa upande mmoja tu. Niliyaona. Sikujiuliza.

Siku ya kuionyesha Tanga, vijana walianza kucheka manamba walipotokea tu. Nikafurahi, nikidhani wameipenda. Taa zilipowashwa, mzee mmoja aliyewahi kukata mkonge alinifuata.

"Mwanangu, hawa uliwakimbiza wapi? Tita la mkonge mbichi ni zito. Hakuna anayetembea nalo hivi."

Hakukasirika. Alitaka kujua tu. Nilikuwa karibu kumwambia kwamba filamu za kale ndivyo zilivyo, maneno ambayo nimeyasikia na kuyarudia miaka yote, nikatambua kwamba mzee anaijua picha ile kuliko mimi.

Usiku ule niliirudisha kwenye 16. Yule aliyechekwa kuliko wote akawa anakwenda polepole, anasimama, anahamisha tita bega, anavuta pumzi. Kule kusimama, katika filamu yangu, kulikuwa kumepita kama kigugumizi. Nilikuwa nimemfutia uchovu wake.

Filamu ilikuwa imesharushwa hewani, na kipande kile nilishawagawia waandaaji wengine bila maelezo yoyote. Baadhi wamekirekebisha. Wengine hawakunijibu. Mkanda wenyewe umesinyaa, haupiti tena kwenye mashine.

Hata 16 si ya kuaminiwa kila mara. Peter Jackson alipotengeneza They Shall Not Grow Old, iliyotoka mwaka 2018, kasi ya picha za Vita Kuu ya Kwanza ilibidi itafutwe kipande kwa kipande, kwa sababu kamera zilizungushwa kwa mkono. Kwa hiyo ukiletewa mkanda usio na maandishi, mtafute mtu aliyewahi kuifanya kazi inayoonekana humo, akae nawe kwenye meza ya uhariri, aitazame miguu. Na ukikutana na manamba wa Tanga wanaokimbia na matita, wapunguzie kasi kabla hujawaonyesha mtu.