Hatari ya Kazi Haichagui Jinsia

Ndugu msomaji, sisi wa Musoma na wenzetu wa Uganda twala samaki wa ziwa moja. Huko ndiko alikotoka Meja Naomi Karungi, mmoja wa wanawake wa kwanza kurusha helikopta za jeshi la nchi hiyo. Alipanda hata akaongoza kikosi cha helikopta aina ya Jet Ranger. Januari 2020, akiwa katika safari ya mafunzo, helikopta yake ilianguka wilayani Butambala. Alifariki pamoja na mwanafunzi wake.

Nilipomsimulia shemeji yangu wa Bunda habari hizi, alisema, “Waona, shemeji? Ndiyo maana binti yangu simruhusu.” Nikamwuliza: ziwa limemeza wavuvi wangapi, na ni nani aliyewakataza wanawe wa kiume kuvua? Akanyamaza.

Mwaka 1934 mtoto mmoja wa Butiama aliacha kuchunga mbuzi, akaingia shule ya Mwisenge hapa Musoma. Ndiye Julius Nyerere. Baba yake, Mzee Nyerere Burito, hakuweza kujua mwanawe angefika wapi, alimpeleka tu.

Basi, mzazi mwenzangu, hatari tuipime kwa kazi yenyewe, si kwa jinsia ya mtoto. Binti akitamani urubani, tumhimize hesabu na fizikia.