Maji ya Ngandja Yaenda Wapi?

Atokaye Baraka kwenda Ngandja huiacha upesi sauti ya watu. Nyuma yake ziwa Tanganyika lang'aa, na rasi ya Ubwari imelala majini kama mamba; mbele yake ni milima. Kwanza hupita mashamba ya mihogo, kisha majani marefu, kisha msitu. Vijiji ni haba. Pengine watembea nusu siku bila kusikia jogoo.

Nilipokuwa mtoto nilipanda njia hiyo nyuma ya baba mdogo. Nilichoka, nikanung'unika: "Baba, huku hakuna watu. Msitu huu wafaa nini?" Hakunijibu. Tulipofika mgongoni mwa mlima mvua ikanyesha. Ndipo akasema: "Mwanangu, tazama. Maji ya upande huu hushuka ziwani. Ya upande ule huenda mto Luama." Sikuona ajabu yoyote.

Shuleni ndipo nilipofahamu. Luama huingia Lualaba. Ziwa nalo lina mlango mmoja tu wa kutokea, yaani mto Lukuga penye Kalemie, nao pia huingia Lualaba. Basi matone yale yaliyoachana miguuni petu, yasipokaushwa na jua njiani, hukutana tena na kwenda pamoja mpaka bahari ya Atlantiki.

Mwaka huu mchuuzi mmoja alinijia. Alitaka miti ya kilima alichoniachia baba mdogo, apate kuchoma makaa. Nina watoto wanne wa kulipiwa karo, na fedha yake ilikuwa nzuri. Nikapanda kukitazama kilima. Jirani yangu alikwisha kuuza miti yake: kijito chake huwa tope wakati wa mvua, na mwezi wa saba ni mawe matupu. Changu kilikuwa kikitiririka bado.

Mwaka 2016 msitu wa Ngandja, wenye sokwe, ulitangazwa kuwa hifadhi. Lakini kilima changu ki nje ya mpaka wake. Hakina mlinzi ila mimi.

Nilimkatalia mchuuzi. Sisemi kwa majivuno: usiku ule sikulala, na karo haijatimia hata leo. Ila nimepata jibu la swali langu la utotoni. Huku juu hakuna watu, kweli. Watu wako chini, na mitungi yao mkononi.

Nawe, msomaji, maji unywayo yatoka kilima cha nani?