Motokaa Inayosema Ugonjwa Wake

Wengi wetu tulio waalimu hatukufundishwa ufundi wa motokaa, wala hatuandiki haya ili tujifanye mafundi. Twaandika kwa sababu mwaka 2009, katika shule moja karibu na Karatu, tulikuwa tumekwisha andika barua ya kumfukuza mtu kazi kwa kosa asilolitenda, na aliyemwokoa hakuwa wakili wala hakimu, bali taa ya manjano isiyozidi ukucha wa kidole gumba. Yafaa tueleze jinsi taa ile inavyosema, maana motokaa zenye ulimi wa namna hiyo zingaliko katika barabara zetu, na wenyewe wengi hawana habari.

Motokaa ya shule ilikuwa Toyota Corolla ya mwaka 1994. Ilitoka Japani ikiwa imekwisha tumika huko, kama zilivyo nyingi katika nchi hii. Kwa kuwa Wajapani nao hupita upande wa kushoto wa barabara, usukani wao uko kulia kama wetu. Tuliinunua kwa mchango wa waalimu na wazazi, nayo ilikuwa imepita mikono kadha wa kadha kabla ya kufika kwetu. Dereva wake alikuwa mzee Mwiraqw, mtu wa maneno machache, aliyeendesha malori tangu enzi ambazo njia ya kutoka Makuyuni ilikuwa vumbi tupu wakati wa kiangazi na tope tupu wakati wa masika.

Kipupwe kilipoingia, mwezi wa Juni, motokaa ikaanza kukataa kuwaka asubuhi. Mzee alizungusha ufunguo mara tano, mara kumi, injini ikakohoa na kunyamaza. Ikiisha kuwaka na kupata moto, ilikwenda vizuri. Ikishuka Mto wa Mbu na kulala huko, iliwaka kwa mara ya kwanza, kana kwamba haikuugua kamwe. Wajuao sehemu zile wataona sababu ya tofauti hiyo: Mto wa Mbu uko chini ya ukingo wa Bonde la Ufa, yapata meta 1,000 juu ya bahari, na joto lake ni la migomba na mpunga, Karatu iko juu ya ukingo, yapata meta 1,500, na ukingo wa kreta ya Ngorongoro wafika meta 2,300 na zaidi, mahali ambapo ukungu wa alfajiri huloanisha mablanketi ya wachungaji. Sisi hatukulinganisha mambo hayo. Tulisema tu kwamba motokaa ina hila.

Mwezi wa Julai waalimu wawili walipelekwa kuwatazama wenzao wafundishao huko juu Ngorongoro, wakalala. Asubuhi motokaa haikuwaka hata jua lilipopanda na kuchoma ukungu. Nao walirejea Karatu jioni, wamekasirika. Siku chache baadaye, saa tisa za usiku, mtoto wa bweni akashikwa na maumivu makali ya tumbo. Mzee aliamshwa, akazungusha ufunguo hata betri ikachoka. Mtoto alibebwa kwa pikipiki, katikati ya watu wawili, katika baridi ile, mpaka hospitali. Kilikuwa ni kidole tumbo. Madaktari walimpasua alfajiri ile ile, akapona. Lakini sisi tuliobaki kwenye ua wa shule na taa mkononi, tukisikiliza pikipiki ikizidi kwenda mbali, tulitafuta mtu wa kumlaumu.

Naye hakuwa mbali. Siku zile desturi mbaya ya kuchanganya petroli na mafuta ya taa ilikuwa imeenea katika nchi, kwa sababu mafuta ya taa yalitozwa kodi ndogo na kuuzwa rahisi. Ni baadaye, mwaka 2010, ndipo mamlaka ya EWURA ilipoanza kutia alama katika mafuta ili udanganyifu ujulikane, na mwaka 2011 kodi ya mafuta ya taa ikapandishwa. Na kila fundi hujua ya kuwa petroli iliyotiwa mafuta ya taa haishiki moto injini ikiwa baridi. Mmoja wetu alikuwa amemwona mzee akitoka dukani na dumu la mafuta ya taa. Nani Karatu hakuwa na dumu la mafuta ya taa nyumbani kwake wakati ule? Sisi wenyewe tulisahihisha madaftari kwa taa ya chemli. Walakini hatukujiuliza hayo. Tulisema: anauza petroli ya shule, kisha anajaza mafuta ya taa mahali pake. Barua ikaandikwa siku ya Alhamisi, apewe Jumatatu.

Twaona aibu kukumbuka ya kuwa mzee mwenyewe alikuwa amekwisha tueleza ugonjwa wa motokaa ile, kwa maneno yake. Alisema, "Waalimu, gari hili limesahau kuwa ni asubuhi." Tulicheka. Tulicheka tena tulipomwona usiku akifunika injini kwa blanketi kuukuu, kama mama afunikaye mtoto.

Jumamosi ile akaja kututembelea kijana mmoja, zamani mwanafunzi wetu, ambaye sasa ni fundi Mto wa Mbu. Alitusalimu, "Shikamooni, waalimu," akapewa chai, na mazungumzo yakaingia katika motokaa. Hakugusa injini. Aliketi kwenye usukani, akafungua ufunguo bila kuwasha, akatazama taa za dashibodi: ya betri inawaka, ya oili inawaka, ya breki inawaka. Akauliza, "Mwalimu, taa ya injini iko wapi?"

Hatukujua kwamba ipo. Akatueleza ya kuwa ufunguo ukifunguliwa taa ile sharti iwake pamoja na wenziwe, kisha izimike injini ikisha kuunguruma. Na ikiwaka injini ikiwa inakwenda, ni dalili kwamba kompyuta imeona kasoro. Akafungua dashibodi kwa bisibisi, akatuonyesha: nyuma ya kioo, mahali pa taa ile, pamebandikwa kipande cha utepe mweusi wa umeme. Aliyekibandika hatumjui hata leo. Yamkini ni muuzaji mmojawapo aliyetaka motokaa ionekane nzima. Kijana akaubandua.

Kisha akafungua boneti, akatuonyesha kisanduku cheusi chenye kifuniko. Ndani ya kifuniko zimeandikwa herufi, na chini yake yamo matundu mengi madogo. Alichukua kipande cha waya, akaunganisha tundu la TE1 na la E1, akituonya tusichezee mengine, kwa kuwa lile la +B hupata umeme wa betri, nalo likigusana na E1 huunguza fyuzi au kuleta hasara kubwa zaidi. Betri iwe na nguvu, gia iwe huru, taa na viyoyozi vizimwe, na mguu usikanyage pedeli. Ufunguo ukafunguliwa tena, injini ikiwa kimya.

Taa ikaanza kupepesa. Ikapepesa mara mbili, ikatulia kidogo, ikapepesa mara mbili tena. Ikatulia zaidi, kisha ikapepesa mara tano, ikatulia, ikapepesa mara moja. Halafu kimya kirefu, na maneno yale yale yakaanza upya. Watoto wa darasa la tano walikuwa wamekwisha kusanyika, wakawa wanahesabu kwa sauti moja kuliko walivyopata kuhesabu darasani. Mapepeso ya kwanza ni makumi, ya pili ni mamoja. Basi tulikuwa na 22 na 51, kwa maana taa huanza na nambari ndogo na kuendelea na kubwa.

Hiyo 51 ilituletea kicheko. Kijana alitazama chini akaona mwalimu mwenzetu aliyeketi kwenye usukani ameweka kiatu chake juu ya pedeli ya mafuta. Akaondoa mguu, 51 ikatoweka. Lakini 22 ikabaki.

Nambari 22 katika Toyota za wakati ule maana yake ni habari ya joto la maji ya injini. Tueleze kidogo, maana hapa ndipo penye kiini. Petroli ikiwa katika baridi haigeuki mvuke upesi. Kwa hiyo injini baridi yahitaji petroli nyingi zaidi ili iwake. Katika motokaa za zamani dereva alivuta choki kwa mkono wake. Katika hizi za baadaye kompyuta ndiyo hupima, nayo hujua baridi au joto kwa njia ya sensa ndogo iliyochomekwa katika maji ya injini. Upinzani wa sensa hiyo kwa umeme hupungua kadiri maji yanavyopata moto: kwa nyuzi 20 ni kama omu 2,000 hadi 3,000, na kwa nyuzi 80 hushuka mpaka omu 200 hadi 400. Waya ukikatika, kompyuta haipati habari yo yote. Nayo haikai ikilia. Imeagizwa na waliyoiunda ijichukulie kwamba maji yana nyuzi 80, ili motokaa iweze kuendelea na safari. Basi alfajiri juu ya ukingo wa Ngorongoro, injini ikiwa baridi kama jiwe la mtoni, kompyuta iliipimia petroli ya injini yenye moto. Mto wa Mbu kosa lile halikuonekana sana, maana hewa yenyewe ni ya joto. Gari lilikuwa limesahau kuwa ni asubuhi, barabara kama mzee alivyosema. Na blanketi lake, lililohifadhi joto la jana, lilikuwa dawa pekee aliyoweza kuipata.

Lingalipasa kwisha hapo, lakini sivyo. Tulidhani nambari ile yasema "nunueni sensa." Jumatatu mmoja wetu akapanda basi hadi Arusha, mwendo wa kilomita 140 hivi, akanunua sensa. Ikafungwa. Kijana akachomoa fyuzi ya EFI ya ampea 15 kwa nusu dakika ili kompyuta isahau ya zamani, akairudisha, akawasha, akaunganisha waya wake. Taa ikasema 22.

Ndipo mwenzetu mmoja akasema, "Taa hii ni mwongo kama dereva wake. Apewe barua yake." Twakiri kwamba baadhi yetu walitikisa kichwa kukubali. Fedha zilikuwa zimekwenda, na mtu aliyepoteza fedha hupenda sana hukumu ya haraka.

Kijana alijibu kwa adabu kwamba nambari haikusema sensa imekufa; ilisema habari haifiki. Mjumbe akikosa kufika, aweza kuwa ameugua nyumbani, aweza pia kuwa ameanguka njiani. Alichukua sensa ya zamani akaipima kwa mita: ilikuwa nzima, omu elfu mbili na ushee. Kisha akapima waya mmoja mmoja, huku mkono wa pili ukiutikisa. Karibu na soketi, mahali waya ulipopinda juu ya injini, mshale wa mita ukaanguka. Kwa nje ganda la waya lilikuwa zima kabisa. Ndani shaba ilikuwa imekatika, kwa mitikisiko ya miaka mingi ya barabara za mawe. Akaikata, akaiunga kwa risasi, akaifunga kwa utepe. Naona ulikuwa ni ule ule uliotoka nyuma ya kioo, ingawa mwenyewe alikana.

Alipouliza taa kwa mara ya mwisho, ilipepesa upesi upesi bila kituo, mara mbili kila sekunde. Hiyo ni lugha ya afya. Asubuhi iliyofuata, nyasi zikiwa nyeupe kwa umande, mzee akazungusha ufunguo mara moja.

Yafaa kuonya kwamba si motokaa zote husema kwa njia hii. Katika Nissan nyingi za miaka ile huzungushwa skrubu katika kompyuta yenyewe. Katika Honda huunganishwa soketi ya matundu mawili upande wa abiria. Na zile zilizokuja baadaye huhitaji chombo cha kusomea. Wala nambari za kampuni moja si za nyingine. Asiyejua asijaribu kwa kubahatisha.

Barua tuliichana. Walakini tuliona si haki kuficha, basi tulikwenda watatu nyumbani kwa mzee tukamweleza yote, hata habari ya dumu. Alitusikiliza akiwa ameinama, akimenya mahindi. Akasema, "Nilijua tangu Alhamisi. Mtoto wa jikoni aliisoma juu ya meza." Tukauliza kwa nini hakuja kujitetea. Hakujibu neno hilo. Aliuliza kama yule kijana fundi alipewa chakula kabla ya kuondoka, na aliposikia kwamba alikunywa chai tu, akatukaripia sana, akamwita mkewe atoe kuku tumpelekee.

Aliendesha motokaa ile kwa miaka mitano tena. Alipostaafu alimkabidhi dereva mpya ufunguo, kipande cha waya kilichokunjwa pande mbili, na lile blanketi.