Yule Msichana wa Jikoni

Tutokapo kutazama sinema, twataja majina ya wachezaji wakubwa tu. Mtumishi aliyefungua mlango na kuleta kahawa hatumkumbuki. Leo twapenda kumtaja mmoja wa hao: Maria Pia Casilio, Mwitalia, aliyezaliwa mwaka 1935 katika milima ya Abruzzo, upande wa L'Aquila.

Alikuwa hajacheza sinema hata moja Vittorio De Sica alipomchagua kwa picha yake Umberto D., ya mwaka 1952. Yasimulia habari za mzee wa Roma, zamani karani wa serikali, ambaye pensheni yake haitoshi kulipa kodi ya chumba. Aliyemwigiza mzee huyo, Carlo Battisti, naye hakuwa mchezaji; alikuwa profesa wa elimu ya lugha. Casilio ni Maria, mtumishi wa nyumba ile. Ana mimba, na kati ya askari wawili hajui ni yupi aliye baba.

Asubuhi moja Maria aamka, aingia jikoni. Awasha moto. Amtazama paka apitaye juu ya paa. Awamwagia maji sisimizi watambaao ukutani. Ajigusa tumbo, machozi yamtoka. Kisha aketi kusaga kahawa, na bila kuinuka anyosha mguu, ausukuma mlango kwa ncha ya kidole. Basi. Mfaransa André Bazin, mwandishi wa mambo ya sinema, alizisifu sana dakika hizo. Yeye alisifu ufundi wa De Sica na wa Zavattini, aliyeitunga hadithi. Sisi twautazama mguu ule. Mwenye kazi mikononi hufunga mlango kwa mguu, hata siku ambayo moyo wake umevunjika; na msichana yule wa Abruzzo alilifanya jambo hilo kama mtu asiyetazamwa na yeyote.

Je, baadaye walimpa nini? Jiko tena! Mwaka 1953 Mfaransa Marcel Carné alimfanya mtumishi katika Thérèse Raquin. Mwaka huohuo, katika Pane, amore e fantasia ya Comencini, alikuwa Paoletta, mpwa wa paroko wa kijiji. Macho ya watu yalimfuata Gina Lollobrigida. Mwaka 1954 alikuwa mchumba wa Alberto Sordi katika Un americano a Roma. Watu walicheka, nasi tumecheka, maana alijua kuchekesha. Lakini kwa maoni yetu hakupewa tena asubuhi kama ile.

Aliolewa na Giuseppe Rinaldi, ambaye sauti yake Waitalia waliisikia mara nyingi Marlon Brando au Paul Newman alipofungua kinywa, wala wengi wasiijue sura yake. Picha zake mwenyewe zikapungua. Alifariki Roma mwaka 2012.