Kazi ya produsa na kazi ya ticha

Nimepotea siku nyingi, UE zilinikaba kweli kweli. Sasa nimepumua, na leo nawaletea stori ya maprodusa wa sinema miaka ile picha zilipoanza kuongea.

Enzi za sinema bubu, kuuza picha nchi nyingine ilikuwa ni kubadilisha maandishi tu. Sauti ilipokuja, ngoma ikawa nzito. Pale Joinville, jirani na Paris, Paramount walianza mwaka 1930 kupiga picha ileile mara kadhaa, kila lugha na waigizaji wake. Ndivyo ilivyokuwa kwa "Marius" ya 1931 chini ya produsa Robert Kane: ilitoka ya Kifaransa, ya Kijerumani na ya Kiswidi. Gharama balaa, lakini asiyeelewa hakati tiketi.

Na huku kwetu je? Mwaka 1935, huko Vugiri, milima ya Usambara, Meja L. A. Notcutt, aliyewahi kusimamia mashamba ya mkonge, na mwenzake G. C. Latham walianza kutengeneza sinema za elimu kwa fedha za Carnegie ya Marekani. Hadi 1937 walitoa picha fupi kama 35: kilimo, safura, kodi, kuweka akiba posta. Sauti walirekodi kwenye sahani za santuri, zikapigwa sambamba na picha. Lori likifika kwa watu wengine, picha ni ileile, wanabadilisha sahani tu: Kiswahili hapa, Kiganda kule.

Sisemi walikuwa malaika. Mkoloni ndiye aliyeamua Mwafrika afundishwe nini. Lakini hili la lugha walilielewa.

Sasa njooni Mbulu, nilikokuwa field mwaka jana. Form One wengi nyumbani wanaongea Kiiraqw, shule ya msingi wamesoma kwa Kiswahili, ghafla kila kitu Kiingereza. Niliwawekea kwenye laptop video ya Kiingereza ya maporomoko ya ardhi. Kimyaaa. Nikazima sauti, nikasimulia mwenyewe kwa Kiswahili. Nilipofika kwenye tope lililoshuka Mlima Hanang hadi Katesh tarehe 3 Desemba 2023, mikono ikawa juu kila kona. Binti mmoja akauliza: tope ni laini, limebebaje mawe makubwa vile? Jamani, hilo si swali la jiografia?

Mwezi ujao narudi field, safari hii Hanang. Sera inasema sekondari ni Kiingereza, na msimamizi kutoka chuo atakaa nyuma ya darasa na karatasi yake ya maksi. Mimi nimeshaamua: Kiswahili kwanza mpaka waelewe, halafu Kiingereza cha mtihani. Zikipungua maksi, zipungue.

Nyie maticha wenzangu mngefanyaje? Tuko pamoja.