Hofu Ilipokuwa Ikizaa Hofu

Tata, baba yangu, alifariki akiwa shambani Kebirigo, kikapu cha majani chai kikiwa bado mgongoni. Kiharusi, daktari alisema. Presha ilikuwa imempanda kwa muda mrefu na hakuna aliyejua. Tulimzika, watu wakarudi makwao, nami nikarudi kwangu upande wa Keroka kuendelea na biashara yangu ya ndizi. Nilidhani nimelia vya kutosha.

Kisha siku moja, nikiwa kwenye matatu kuelekea soko la Daraja Mbili, moyo ulianza kwenda mbio. Tulikuwa tumefika Keumbu. Vidole vikafa ganzi, midomo ikachonyota, kifua kikabana. Wazo moja tu likanijia: ni ile ya tata. Nilimsihi makanga anishushe. Nikaketi kando ya barabara, na baada ya muda vyote vikatulia. Hapo ndipo nilipofungwa bila kujua. Nilishuka, nikapata nafuu. Akili yangu ikashika kwamba kushuka ndiko kulikoniokoa.

Safari iliyofuata nilipanda tayari nikiusikiliza moyo. Ukiusikiliza hivyo, utausikia tu. Ukiusikia, unaogopa. Ukiogopa, moyo unadunda zaidi. Nikaacha matatu. Kisha soko. Kisha kanisa, maana nilihofia kuzimia mbele za watu. Makambi ya Agosti, ile mikutano ya kanisa letu hemani, niliyasikia kwa mbali, kwaya zikiimba, nami nimejifungia chumbani. Presha nilipimwa, ikawa sawa. Nilitulia siku hiyo. Kesho yake nikajiambia mashine yao ilikuwa mbovu.

Usiku mbaya kuliko wote ulikuja wakati wa mvua za masika. Niliamka. Hewa haikuingia. Nilivuta, nikavuta tena. Haikuingia. Mikono ilikakamaa. Mume wangu aliniita kwa jina, sikuweza kujibu. Mtoto wetu alisimama mlangoni, akinitazama. Niliwaza: ananiona nikifa. Nilipotulia, lilikuja wazo lililonitisha kuliko kufa kwenyewe. Kwamba afadhali nife kweli, nisiendelee kungoja. Nililisema kwa sauti. Namshukuru Mungu kwamba nililisema.

Mume wangu alimwita mama yake usiku uleule. Mama mkwe alikuja na leso yake na Biblia, akalala kando yangu, na kwa majuma mengi hakurudi kwake. Jirani walipoanza kunong'ona kwamba nimelogwa, na kumtaja bibi mmoja mzee wa kijiji, aliwanyamazisha palepale. Hapa kwetu maneno hayo yameua. Oktoba 2021, kule Marani, wanawake wazee wanne waliuawa kwa kushukiwa uchawi. "Mwanangu ni mgonjwa wa hofu," aliwaambia. "Asiuawe mama wa mtu kwa ajili ya hofu." Nakuomba nawe, kama uko mahali nilipokuwa, usikubali mateso yako yatafutiwe mtu wa kulaumiwa.

Yeye ndiye aliyenipeleka kliniki ya afya ya akili Kisii mjini, akinishika mkono njia nzima. Moyo ulipimwa kwa mashine, ulikuwa mzima. Kisha muuguzi akanifanyia jambo ambalo sitalisahau. Aliniambia nipumue haraka haraka, nikiwa nimeketi pale mbele yake. Muda si muda midomo ikachonyota, vidole vikafa ganzi, kichwa kikawa chepesi. Ile ile! Nililia. Alinieleza kwamba ukipumua kwa kasi kupita haja ya mwili, unatoa kaboni dayoksaidi nyingi mno, mishipa ipelekayo damu kichwani inabana na kuleta kizunguzungu, na vidole na midomo hufa ganzi. Hewa nilikuwa nayo tele usiku ule. Ni hofu iliyokuwa ikinifanya nipumue kwa kasi, na kule kupumua kukaniongezea hofu.

Tukaanza kazi, nayo haikuwa nyepesi. Kutoa pumzi taratibu, kwa muda mrefu kuliko kuivuta. Kuandika kwenye daftari ninachoogopa kitatokea, kisha jioni kuandika kilichotokea kweli. Na kubwa kuliko yote, kurudi pale nilipokimbia, hatua kwa hatua: kusimama stendi ya Keroka bila kupanda, kupanda na mume wangu, kupanda peke yangu, na kutoshuka mpaka hofu ishuke yenyewe. Na inashuka. Hilo sikuliamini mpaka mwili wangu uliponionyesha. Mzee wa kanisa alikuja kuomba nasi kila Ijumaa jioni Sabato ikiingia, na hakuniambia hata siku moja kwamba ningepona kama ningekuwa na imani zaidi. Nyasae, Mungu wetu, ambariki.

Makambi yaliyofuata niliketi hemani, safu ya katikati, mbali na mlango.

Bado kuna usiku ninaoamka nikausikia moyo, na kwa dakika chache niko kulekule. Mikono inakuwa baridi hata ninapoandika haya. Lakini siketi tena kuuhesabu. Naenda jikoni, nawasha taa, naomba, nangoja hofu ipite.

Wewe unayesoma haya huku kifua kimebana, nimekuandikia wewe. Na kama limekujia lile wazo la afadhali kufa, usilale nalo peke yako. Mwamshe mumeo, dada yako, mama mkwe wako. Kama hakuna wa kuamsha, piga 1199, nambari ya bure ya Msalaba Mwekundu wa Kenya, useme kama nilivyosema mimi, kwa sauti.